Madamu Aliyepima Chumvi

Madamu alikuwa hamsalimii mtu kabla hajamaliza na mashine yake. Ukiingia maabara asubuhi na bonjour yako, aliinua kidole bila kugeuka, maana yake subiri, nawe ulibaki umesimama na koti mkononi. Alichovya ile ncha ya kioo kwenye chupa ya maji ambayo chumvi yake tunaijua, akautazama mshale, akageuza kitufe kwa ukucha, akachovya tena. Mshale ukishakaa mahali pake ndipo aligeuka na uso mwingine kabisa, uso wa mama aliyepata wageni.

"Mwaramutse, watoto. Mumelala muzuri?"

Mimi wakati huo nilikuwa mwanamke mzima mwenye kazi na mshahara, na Hamisi, dereva wetu, alikuwa na wajukuu. Wote tulikuwa watoto.

Sitasema alizaliwa wapi wala baba yake alikuwa nani. Miaka ile Kigali swali hilo liliulizwa mno, barabarani, ofisini, hata hospitali, na waliouliza hawakuwa wakitafuta habari za kusimulia. Nitataja tu kwamba kitambulisho chake kiliandikwa Mhutu, kwa kuwa bila kujua hilo hutaelewa kwa nini alipona pale ambapo mwingine hakupona. Mengine ya ukoo namwachia mwenyewe.

Maabara yetu ilikuwa jengo la tofali upande wa chini wa Kiyovu, mahali nyumba za mabalozi zinapoishia na miti kuanza kukosa mtunzaji. Tulipima maji na udongo. Watu wa kwetu Biryogo, mtaa wetu wa Waislamu, waliponiuliza ni kazi gani hiyo, niliwaeleza hivi: maji matupu kabisa hayapitishi umeme, au yanapitisha kidogo mno. Chumvi iliyomo ndiyo inayoubeba. Ukichovya vibati viwili vya platini kwenye maji ukapitisha umeme kidogo, mshale unakuambia maji hayo yamebeba chumvi kiasi gani. Udongo ni vivyo hivyo. Unaukausha, unauchekecha, unauchanganya na maji matupu, unautikisa, unauacha utulie, halafu unapima maji yaliyosimama juu. Chumvi ikizidi, mmea unakufa kwa kiu na mizizi yake imo majini.

Hayo tu. Mashine haikujua zaidi ya hayo, na Madamu alikuwa mkali sana kwa mtu aliyetaka kuisemesha zaidi. Siku moja mkubwa mmoja wa wizara alikuja na chupa ya maji ya kisima cha shamba lake, akauliza kama mashine inaweza kumwambia yanafaa kunywa.

"Hii iko inajua kitu moja tu," Madamu alimjibu. "Chumvi. Kingine chote utauliza mutu mwingine."

Alisema kwa Kiswahili makusudi, ili yule bwana aone kwamba hakustahili Kifaransa. Kiswahili chake alikiokota Bukavu alipokuwa anasoma, na hakikuwahi kunyooka. L na R kwake zilikuwa kitu kimoja. Aliniambia "reta chupa" na "rala salama". Alipenda kukizungumza na mimi na Hamisi kwa kuwa wengine pale walikiona lugha ya wachuuzi na askari. Namba alizisema kwa Kifaransa. Hasira ilikuwa ya Kinyarwanda.

Na hasira alikuwa nayo. Maji matupu tuliyapata kwa kuchemsha na kuukamata mvuke, tone kwa tone, na umeme ulikatika kila mara, kwa hiyo dumu moja lilikuwa kazi ya siku nzima na zaidi. Siku moja mgeni wa mkurugenzi alilikuta dumu, akaona maji yanang'aa, akayachemshia chai. Madamu alimnyang'anya kikombe mdomoni. Mkurugenzi alipomwambia aombe radhi, aliomba, kwa dumu: aliliinamia akaliambia "pole sana", akatoka. Lakini huyo huyo, mkulima akifika kutoka mbali na udongo umefungwa kwenye jani la mgomba, alimkalisha kwenye kiti chake mwenyewe, akampimia bila kumtuma kwanza dirishani kulipa, akamwandalia chai.

Alikuwa na maneno yake. "Namba moja ni uvumi," alisema, akaturudisha kupima tena na tena, mpaka namba zikubaliane. Vyama vilipoanza kuruhusiwa na wafanyakazi wakaanza kuja na kofia za rangi rangi, alipigilia misumari ukutani nje ya mlango. Kofia zote zibaki huko, zinatoa vumbi. Watu walicheka, wakazitundika. Baadaye walizitundika bila kucheka. Mwisho kuna waliokataa kuzivua, naye akawa anawapa kazi ya kuosha chupa uani, ambako kofia hazimsumbui.

Na mtu huyu aliyejua chumvi kuliko wote alikuwa anaila kama ng'ombe. Daktari alimkataza kwa sababu ya presha. Aliifunga kwenye kikaratasi, akaiweka kwenye mfuko wa koti jeupe, na mchana alinyunyizia hata embe. Hamisi alimwambia, "Madamu, tutakupima wewe na mashine, itavunjika mshale." Alicheka mpaka akapaliwa. Alikuwa na woga wa mbwa, na alisinzia misani. Alipovuka daraja lolote, hata la mfereji, alifanya ishara ya msalaba. Hakuwa na mume. Alikuwa na nyumba ndogo karibu na maabara, yenye chumba cha nyuma ambacho kilikaa tupu mpaka siku zile ninazotaka kuzisimulia.

Vita vilikuwa vimeshaanza kaskazini. Kila jambo baya lilipotokea mjini, mtu alitafutwa wa kulibeba. Mvua za masika zilikuwa zinaisha tulipopata ujumbe kwamba chemchemi moja bondeni, pembeni ya kinamasi cha Nyabugogo, imetiwa sumu. Kabichi zimeungua kingo za majani kama zilizopitishwa motoni. Watoto wanaharisha. Maji yana ladha ambayo hayakuwa nayo. Konseye wa pale, ndiye kiongozi wa mtaa, alitaka maabara ije ithibitishe.

Tulipofika, watu walikuwa wamekusanyika, na tukaelewa kwamba hawakuwa wanangoja kujua nini kimeingia kwenye maji. Walishajua ni nani. Alikuwa amesimama pembeni, mwanamke mmoja mwembamba, kitenge kimefungwa vibaya, binti yake mdogo amemshika kiuno. Jina lake Verediana. Mjane, Mtutsi, shamba lake lilikuwa la kwanza juu ya chemchemi, na kaka yake alikuwa ametoweka tangu mwaka uliotangulia. Watu walisema amevuka kwenda kwa waasi. Hiyo ilitosha.

Madamu hakumsalimia mtu. Alipiga magoti kwenye tope, akaisawazisha mashine, akapima chemchemi. Mshale ulipanda juu kuliko maji yoyote tuliyowahi kupima katika bonde lile. Akasuuza ncha, akapima tena. Kisha akaanza kupanda kijito, hatua chache, anachovya, hatua chache, anachovya, mimi nikimbebea boksi na umati ukitufuata kimya. Tulipita shamba la Verediana na mshale ulikuwa bado juu. Ukazidi kupanda. Tukafika nyuma ya ghala la ngozi, mali ya mfanyabiashara mmoja aliyekuwa rafiki wa konseye. Ngozi mbichi huhifadhiwa kwa chumvi, na chumvi iliyokwisha kutumika ilikuwa imemwagwa nje ya ukuta, rundo refu kama kitanda, mvua imelitafuna upande mmoja na michirizi myeupe inashuka kwenye majani. Madamu akalipita ghala, akapanda juu zaidi, akachovya pale maji yanapotokea mwambani. Mshale ukalala chini.

"Njooni muone," aliwaambia kwa Kinyarwanda. Akamwita mzee mmoja mwenye fimbo, akampa ile ncha aichovye kwa mkono wake mwenyewe, juu ya ghala na chini ya ghala. Mzee akaangalia mshale ukipanda na kushuka. "Ni chumvi," akawageukia watu. "Ni chumvi ya ngozi."

Nilidhani imekwisha. Lakini konseye hakuwa mjinga. Alisogea mbele, akiongea taratibu, kwa adabu kabisa.

"Madamu, chumvi tumeiona, tunashukuru. Sasa tuambie na lile tuliloliitia. Mashine inasema sumu hakuna?"

Verediana alikuwa anamtazama Madamu mdomoni.

Mimi nilijua jibu. Kila aliyefanya kazi kwake alilijua, tulilishwa asubuhi na jioni. Mashine haijui sumu. Unaweza kutia sumu ya kuua kijiji na mshale usitikisike. Jibu la kweli lilikuwa hilo, na baada ya jibu la kweli yule mama asingefika nyumbani kwake.

Madamu aliitazama mashine kama mtu anayesoma.

"Inasema hakuna," alisema. "Ingekuwepo, ingeonyesha."

Halafu akachota maji ya chemchemi kwa kikombe cha Hamisi, akanywa yote mbele yao, akafuta mdomo. Mtu mmoja akacheka, mwingine akasema chumvi imekolea, na umati ukalegea kama kamba iliyokatwa. Konseye alimpa mkono. Tulipofika maabara Madamu aliniomba nimwachie chumba, akakaa peke yake na mlango umefungwa, yeye ambaye mlango wake haukuwahi kufungwa.

Kesho yake alitaka gari. Alisikia kwamba vijana walikuwa wamevunja vigae vya paa la Verediana, maana kuna watu hawakuridhika na chumvi. Tukaenda, mimi, yeye na Hamisi. Verediana alikuwa amefunga vitu vyake kwenye mkeka. Tukampakia nyuma pamoja na binti yake, Imakulata, katikati ya chupa na mifuko ya udongo.

Karibu na mjini tukakuta bariyeri, gogo katikati ya barabara na vijana wa chama wamelewa mchana kweupe. Mmoja akafungua mlango, akaona boksi lenye nyaya.

"Redio ya waasi hii!"

Hamisi alishika usukani kama anataka kuung'oa. Madamu akashuka, akaliweka sawa koti lake jeupe, akacheka.

"Redio gani? Hii ni ya kupima urwagwa. Serikali inataka kujua nani anauza pombe ya ndizi na nani anauza maji ya ndizi. Hiyo yenu mmenunua wapi?"

Wakatazamana. Mmoja akaleta kibuyu. Madamu akachovya ncha ya platini, ile ambayo mimi sikuruhusiwa kuipumulia karibu, ndani ya pombe yenye povu na mbegu za mtama. Akakunja uso, akasoma, akatikisa kichwa kwa heshima.

"Hii ni nzuri sana. Sijaona kama hii Kigali nzima. Msibadilishe muuzaji."

Walifurahi kana kwamba wameipika wao. Walimlazimisha aonje, wakainua gogo, na hakuna aliyekumbuka kuuliza vitambulisho vya waliokaa nyuma. Tulipokata kona Hamisi alicheka mpaka akasimamisha gari, akipigapiga usukani, "Maji ya ndizi! Madamu, maji ya ndizi!" Nami nikacheka, na yule binti akacheka kwa kuwa sisi tunacheka. Madamu alikuwa anasuuza ncha, akimwaga maji yetu matupu bila kuyapima.

"Jana niliona ngumu," aliniambia. "Leo imetoka yenyewe."

Verediana alikaa kile chumba cha nyuma. Akapewa kazi ya kufagia maabara, na Madamu alikuwa mkali kwake kama alivyokuwa kwetu sote. Nadhani hiyo ndiyo iliyomtuliza. Imakulata alizoea kuja kwetu Biryogo siku za mapumziko, akawa rafiki wa wadogo zangu, akajua nyimbo zao zote. Chumvi ya ghala iliezekewa, mvua nyingine zikaosha bonde, kabichi zikarudi. Watu wa kule walisimulia kote habari za ile mashine. Ilijua sumu. Ilimwokoa asiye na kosa. Hamisi aliposikia hadithi hiyo sokoni alikuja kumwambia Madamu kama zawadi. Madamu hakupokea. Aliacha kula siku hiyo, na aliacha pia kutufundisha kwa maneno yale ya zamani. Akikosoa, alionyesha kwa kidole.

Nimefikiri sana juu yake kwa sababu ya kipindi hicho. Kabla ya hapo nilimwona mtu wa kweli, na ukweli nikauona kama tabia, kama mtu alivyo mrefu au mfupi. Kumbe kwake ulikuwa kazi ya kila siku, na siku moja aliacha kuifanya kwa sababu nzuri, na sababu nzuri haikumrudishia usingizi. Nilimwambia mara moja, "Madamu, ulifanya vizuri." Akanijibu, "Najua. Si hiyo ndiyo inanisumbua."

Mwanzoni mwa mwaka tisini na nne nikajua inayomsumbua. Konseye alikuja maabara, asubuhi, na vijana wawili wenye kofia ambazo hawakuzitundika. Walibeba dumu la maji.

"Madamu, tumerudi kwako, wewe unatufahamu," konseye alisema, akiwa amekaa kwenye kile kiti cha wakulima. "Haya ni ya kisima cha mwalimu wetu wa shule ya msingi. Watu wanasema yametiwa kitu. Sisi hatutaki kumwonea mtu. Mashine iseme, ikisema safi tunamwacha."

"Na ikisema si safi?"

"Itakuwa imesema yenyewe."

Visima vyote vya upande ule vilichimbwa karibu na vyoo, na mkojo una chumvi. Kila mmoja wetu pale alijua mshale utapanda. Verediana alikuwa kwenye korido na fagio. Niliona ncha ya fagio lake imesimama. Kama Madamu angesema mashine haijui sumu, wangemuuliza kwa nini ilijua siku ile, na aliyepona siku ile alikuwa amesimama nyuma ya mlango.

Madamu akavaa koti. Akaitoa ile ncha ya kioo kwenye sanduku lake lenye pamba, akaishika kwenye mwanga wa dirisha, kama alivyofanya kila siku. Akaiachia. Ilivunjika kwenye saruji kwa sauti ndogo mno, kama yai.

"Oh la la," alisema. "Mikono ya uzee."

Konseye alitazama chini. "Kuna nyingine?"

"Ilikuwa hiyo tu. Za kuagiza Ulaya. Na vita hivi, nani ataleta?"

Konseye alimtazama usoni. Nadhani alielewa. Akainuka, akawaambia vijana wachukue dumu, na mlangoni akageuka: "Siku ile, Madamu, ilijibu upesi."

Walipoondoka, Madamu alichuchumaa kuokota vipande. Nilitaka kumsaidia, akanisukuma mkono.

"Mimi nilimufundisha," alisema. "Hakuwa anajua kuuliza mashine. Mimi nilimufundisha."

Mwalimu yule hakuguswa wakati huo. Ndilo ninaloweza kusema.

Aprili, baada ya Pasaka, Imakulata alikuwa kwetu. Alikuja mapumziko ya Pasaka akabaki na wadogo zangu, kama watoto wanavyobaki. Halafu rais akauawa na mji ukafungwa, na mauaji yakaanza mtaa kwa mtaa. Sitaisimulia miezi ile. Nimeandika ili kumkumbuka mtu mmoja. Mama yangu alimfunga yule binti mtandio, akamwita Asha, akamfundisha kujibu maswali, na majirani waliojua walifunga midomo. Hamisi aliuawa kwenye gari lake. Za Madamu hatukuzijua. Vita vilipokwisha nilikwenda Kiyovu nikakuta nyumba haina milango, na maabara imechukuliwa hata mabomba. Imakulata aliniuliza kila nilipotoka na kurudi, mpaka akaacha kuuliza.

Mwishoni mwa mwaka huo nilikwenda upande wa Batsinda, wakati huo palikuwa mashamba na nyumba za kuhesabika, kununua viazi vitamu kwa mtu niliyeelekezwa. Karibu na njia palikuwa na kisima na foleni ya watu, wengi wao wakimbizi wa zamani waliorudi kutoka Uganda na Burundi, na gari la misaada. Kijana mmoja mwenye shati lililopigwa pasi alikuwa ameshika mashine mpya, ndogo, isiyo na mshale, inayoandika namba zenyewe. Karibu naye mwanamke mzee alikuwa amepiga magoti anachovya. Alikuwa amekonda hata mgongo ulionekana kwenye koti, na mkono mmoja ulikuwa haukunjuki vizuri.

"Mama, inasema nini?" kijana aliuliza kwa Kiswahili cha Uganda. "Maji ni safi?"

"Chumvi iko kidogo."

"Kwa hivyo watu wakunywe?"

"Hiyo haijui."

"Lakini namba ni nzuri, mama. Watu wana kiu."

Madamu alisimama kwa taabu, akawageukia watu wa foleni, akasema kwa Kinyarwanda, kwa sauti iliyofika mwisho wa mstari: "Hii inapima chumvi. Haijui sumu. Haijui ugonjwa. Haijui kama kuna mtu amelala humo chini. Mimi pia sijui. Msinywe mpaka washuke waangalie." Mwanamke mmoja akalalamika, wengine wakafuata, kisha wakaanza kuokota madumu yao kuelekea chemchemi ya mbali. Kijana alibaki na mashine mkononi, amekasirika.

Ndipo Madamu aliponiona.

"Uracyariho?" alisema. Ndiyo ilikuwa salamu yetu miezi ile: bado uko hai?

Tulishikana mikono bila kuachiana. Nilimwambia ya Hamisi. Yeye akanieleza ya Verediana kabla sijauliza, harakaharaka, kana kwamba alikuwa ameyaandaa kwa ajili ya yeyote atakayemjua.

"Walikuja nyumbani asubuhi. Nilikuwa nimepanga maneno. Huyu ni mufanyakazi wangu, kitambulisho imepotea, mimi namujua tangu mutoto. Nilikuwa tayari. Siku ile bondeni waliuliza, dada. Waliuliza, nikapata pa kudanganya. Hawa hawakuuliza kitu. Walinivunja mkono, wakanifungia jikoni."

Kisha akasema, "Na mutoto sijui alikufia wapi."

"Yuko kwetu," nikamwambia. "Madamu, Imakulata yuko kwetu. Yuko hai."

Alikaa chini palepale, kwenye tope la kisima, na koti lake. Yule kijana alikimbia kumshika. Madamu alikuwa anasema kitu kwa Kinyarwanda, taratibu, nacho hakikuwa sala. Alipopata pumzi aliniuliza kama anakula, kama anasoma, kama anajua. Nikasema anakula, shule yake bado haijafunguliwa, na kwamba hajui. Mama yangu amemwambia mama yake bado anatafutwa.

"Nani atamwambia?"

Nilimwinua kwa mkono ule mzima.

Kijana yule alitupeleka na gari lake mpaka Biryogo. Imakulata alikuwa uani anachambua mchele kwenye ungo. Kwa alivyorefuka, na mtandio wa mama yangu, nadhani Madamu hakumtambua mara moja. Imakulata ndiye aliyemtambua Madamu. Alisimama, akautazama mkono ule uliovunjika, akatazama nyuma yake kama kuna mwingine anashuka garini.

Madamu alikaa kwenye kizingiti akamwita karibu. Akamweleza. Hakumfichia na hakumwongezea. Alimwambia siku, alimwambia waliokuja na alichokuwa amevaa mama yake, alimwambia mahali alipozikwa na kwamba alimzika yeye mwenyewe, kwa mkono mmoja, siku ya pili.

"Alilia?" Imakulata aliuliza.

Niliona Madamu anavuta pumzi. Nilitamani aseme hapana. Mtu yeyote angesema hapana.

"Sijui," alisema. "Nilikuwa nimefungiwa. Nilisikia mlango tu."

Binti alifikiri. Kisha akakaa pale kizingitini, bega lake kwenye ule mkono mbovu, akarudisha ungo magotini, na Madamu naye akaanza kuokota mawe madogo kwenye mchele. Mama yangu alitoka jikoni, akatuona, akarudi ndani kuongeza maji kwenye sufuria.